Karatasi ya zuio: inavyoandikwa, inavyofikishwa, inavyovunjwa

Zuio, yaani amri ya mahakama ya kusimamisha jambo, likitolewa Ijumaa mchana, Jumamosi alfajiri tipa la mchanga huwa limeshamwaga. Aliyeshughulika na mashauri ya ardhi Mwanza kwa muda wa kutosha anaujua mchezo huo. Masijala ya mahakama imefungwa hadi Jumatatu, mjibu maombi (yule aliyezuiwa) ameshapigiwa simu na ndugu yake aliyekuwa ukumbini, mafundi wameongezewa posho wakeshe na taa. Jumatatu asubuhi kiwanja cha Buhongwa kilichokuwa na msingi mtupu kina ukuta hadi lenta. Aliyejenga anaamini ukuta ukishasimama hakuna hakimu atakayekuwa na moyo wa kuubomoa.

Anakosea, na kosa hilo linaweza kumpeleka gerezani. Lakini katika maombi ya dharau ya mahakama, yaani ya kumwadhibu aliyekaidi amri yake, niliyoandaa, na yale niliyosimama kuyapinga, mengi yaliyoanguka hayakuanguka kwa sababu mjibu maombi alikuwa mtu mwema. Yalianguka kwa sababu ya karatasi: amri haikueleweka, haikufikishwa, au ilikuwa imekwisha muda bila mtu kuhesabu. Upande ulioivunja haukuisoma, na upande ulioishikilia haukuisoma pia.

Namba za vifungu nitakazotaja ni za Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, toleo la 2019, na Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16, toleo la 2022. Mwenye toleo jipya zaidi alinganishe namba kabla ya kuandika maombi, maana kutaja kifungu kisichohusika ni pingamizi la bure unalompa mwenzako.

Nianze na maneno yenyewe ya amri. Amri inayolindika inasema nani anazuiwa, asifanye nini, wapi, na hadi lini. Maneno yanayoleta balaa kuliko yote ni haya: hali ibaki kama ilivyo. Mleta maombi anaondoka akiamini kila mtu aondoke eneoni. Mjibu maombi naye anasema hali ilivyokuwa siku ile ni kwamba mimi najenga, basi nami naendelea kujenga. Miezi mitatu baadaye wote wawili wanarudi mbele ya hakimu yuleyule, kila mmoja na tafsiri yake, na amri isiyo wazi haimfungi mtu. Mahakama haiwezi kumwadhibu mtu kwa kukaidi jambo ambalo karatasi haikulitaja.

Dawa yake ni kusimama palepale, faili halijafungwa, na kuomba hali hiyo iandikwe: kwamba kufikia leo jengo lina kozi sita za tofali upande wa barabarani, kozi nne upande wa nyuma, hakuna lenta, hakuna nondo zilizosimamishwa. Uzuri zaidi, hayo yawe tayari kwenye kiapo (maelezo ya maandishi yaliyoapiwa) kilichoambatana na maombi, pamoja na picha. Picha ipigwe ikiwa na kitu kisichohama nyuma yake. Hapa Mwanza Mungu ametusaidia kwa miamba: ukipiga picha ya ukuta wa Igogo au Mabatini huku jabali linaonekana nyuma yake, hakuna atakayedai kuwa ni kiwanja kingine. Hesabu kozi za tofali kwa sauti huku mwenzako anarekodi, pima kwa futi, andika tarehe na saa.

Kuhusu mahali, maeneo yaliyopimwa yana namba ya kiwanja na herufi ya kitalu, na hapo ndipo vidole vya mchapaji huteleza. Kitalu D kikiandikwa B, umepata zuio juu ya ardhi ya mtu mwingine kabisa. Usisubiri. Kifungu cha 96 kinairuhusu mahakama kusahihisha makosa ya uandishi wakati wowote, yenyewe au kwa kuombwa na mhusika. Barua ya leo inaokoa maombi ya mwezi ujao. Kwa eneo lisilopimwa, taja majirani wa pande nne, mti, mwamba, njia ya ng'ombe. Ila kwa viwanja vya ufukweni usiandike kamwe kuwa mpaka ni ukingo wa maji. Mwaka 2020 ziwa lilipanda kupita kiasi, maji yakaingia kwenye bustani na mabanda ya watu, na mipaka ya namna hiyo ikawa haina maana. Tena ufukweni kuna jambo la pili: Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 inazuia shughuli za kudumu za binadamu ndani ya mita 60 kutoka ukingoni. Mnaweza kugombea kipande mwaka mzima na kuwekeana mazuio, kumbe hakuna kati yenu anayeruhusiwa kujenga hapo.

Kuhusu nani, jina la mjibu maombi peke yake halitoshi. Ombeni amri imtaje yeye, mawakala wake, watumishi wake, mafundi, na yeyote anayefanya kazi kwa maelekezo yake. Fundi anayejua kuwa kuna zuio na akaendelea kupandisha ukuta anaweza kuitwa ajieleze kwa kusaidia kuivunja amri, ingawa hakuwa sehemu ya kesi. Fundi mwenye busara akioneshwa karatasi anashuka jukwaani, anakusanya mwiko na pima maji yake, anaondoka. Hasara ya siku mbili za ujira ni ndogo.

Sasa muda, mahali ambapo hata mawakili wazoefu hujikwaa. Zuio la muda chini ya Amri ya 37 ya Sura ya 33 (sheria hiyo imegawanywa katika sehemu ziitwazo Amri, zisikuchanganye na amri ya hakimu) haliishi milele. Kanuni ya 3 inaweka kikomo cha miezi 6. Mahakama inaweza kuongeza, lakini jumla haivuki mwaka 1, na mwombaji lazima aoneshe kuwa amekuwa akiisukuma kesi ya msingi kwa bidii. Watu hupata zuio, wakalala. Kesi inaahirishwa mara nne, hakuna anayejali kwa kuwa ujenzi umesimama. Siku ya kwanza baada ya miezi 6 kutimia, mwenzako aliyekuwa akihesabu kalenda anarudisha mafundi, na hakuna amri yoyote anayoivunja. Ukienda mahakamani kulia dharau utaulizwa swali moja tu: amri ipi?

Zuio la tarehe 4 Machi lisilozidi miezi 6 linafikia ukingoni mwanzoni mwa Septemba. Maombi ya kuliongeza yaingizwe Julai au Agosti, si tarehe 3 Septemba. Zuio linaloisha Desemba au Januari ni hatari zaidi kwa sababu ya likizo ya Mahakama Kuu, tarehe 15 Desemba hadi 31 Januari. Maombi ya kipindi hicho yaende na hati ya dharura, inayoomba yasikilizwe haraka, la sivyo yatasubiri.

Baada ya kutamkwa, amri inabidi itolewe kwa maandishi, isainiwe na igongwe muhuri. Usitegemee kuwa itakuja yenyewe. Andaa rasimu siku hiyohiyo, iwasilishe, fuatilia. Omba nakala nyingi kuliko unavyodhani unahitaji: ya mjibu maombi, ya wakili wake, ya ofisi ya serikali ya mtaa, ya kituo cha polisi cha karibu, moja ya kubandika eneoni, na moja ubaki nayo. Kama kilichozuiwa ni kuuza au kuhamisha umiliki, nakala iende na ofisi ya ardhi. Kama ni fedha za benki, iende tawini, na barua ya kupokea iandikwe saa, si tarehe peke yake. Fedha zikitolewa saa nne na robo na amri ikapokelewa saa nne na nusu, meneja hana kosa. Mambo yakienda kinyume chake, ana kesi ya kujibu.

Kumfikishia mtu amri ni kazi ya mpeleka nyaraka wa mahakama, naye anaporudi lazima aape kiapo: alikwenda wapi, siku gani, saa ngapi, alimtambuaje mhusika, alisema nini, alisaini au alikataa. Akikataa, nakala inaachwa au inabandikwa mlangoni mbele ya mwenyekiti wa mtaa au balozi, na jina la shahidi huyo linaandikwa. Kiapo kinachosema tu kwamba amri ilipelekwa na mhusika akakataa, bila jina la shahidi wala saa, ni sawa na hakuna. Kampuni hupelekewa kupitia mkurugenzi, katibu au ofisa mkuu, si mlinzi wa getini. Mlinzi hupokea kila kitu, na bosi wake husema hakuona kitu.

Kwa watu wa ziwani kuna ujuzi ambao hauko kwenye sheria yoyote. Mvuvi wa dagaa hapatikani nyumbani siku za giza, yuko kambini kisiwani na taa zake. Mbalamwezi ikiwa kubwa dagaa hawavuliki, mitumbwi inapumzika, na wengi hurudi kwao. Mpeleka nyaraka anayepanda meli kwenda Nansio, kisiwani Ukerewe, bila kutazama mwezi anarudi na nauli imekwenda bure. Panga safari yake kwa siku za mbalamwezi, na umpe namba ya mwenyekiti wa kikundi cha usimamizi wa rasilimali za uvuvi cha mwalo husika. Huyo anajua nani yuko wapi.

Kuna njia nyepesi kuliko zote ya kuthibitisha kuwa mtu aliijua amri: alikuwepo ilipotamkwa. Kumbukumbu za mahakama huanza na orodha ya waliohudhuria siku hiyo. Kama jina la mjibu maombi au wakili wake liko pale, omba nakala ya kumbukumbu hizo na uambatanishe. Hoja ya kwamba hakujua inakufa hapo.

Niwageukie sasa waliopokea amri, maana wengi wanaoishia pabaya si wakorofi. Ni watu wenye hasira ambao wanaamini, pengine kwa haki kabisa, kuwa amri ile imekosewa. Nasema hili kwa moyo wote: amri iliyokosewa inatiiwa hadi mahakama yenyewe, au iliyo juu yake, iitengue. Mwaka 1952 Mahakama ya Rufani ya Uingereza, katika shauri la Hadkinson, iliweka wazi kwamba mtu hawezi kujipa ruhusa ya kutotii kwa kuwa anaona amri ni batili, na kwamba mahakama inaweza kukataa kumsikiliza hadi ajisafishe. Shauri hilo limenukuliwa Afrika Mashariki tangu enzi hizo. Hapa kwetu Ibara ya 107A ya Katiba inasema Mahakama ndiyo yenye kauli ya mwisho katika utoaji haki. Jacob Zuma, aliyekuwa Rais wa Afrika Kusini, alikataa kufika mbele ya tume ya uchunguzi ingawa Mahakama ya Katiba ilimwamuru aende. Tarehe 29 Juni 2021 mahakama hiyo ilimhukumu miezi 15 gerezani. Malalamiko yake dhidi ya mwenyekiti wa tume yalikuwa na mahali pa kupelekwa. Lakini yeye akachagua kutokwenda.

Ukipokea zuio, andika juu ya nakala yako saa uliyopokea. Simamisha kazi saa ileile, na uwaandikie mafundi ujumbe wa simu unaosema wazi kuwa kazi imesimama kwa amri ya mahakama, kisha uutunze. Usijipe siku ya mwisho ya kumalizia zege. Kama nusu ya zege imeshamwagwa na ukiacha jengo litakuwa hatari, piga picha, mpigie wakili wako, na ombi la kuruhusiwa kumalizia sehemu hiyo tu liingie leo kwa hati ya dharura. Mahakama husikiliza jambo kama hilo likiletwa mapema, na hulikasirikia likiletwa kama utetezi baada ya kazi kwisha. Hali kadhalika kwa mali inayooza. Zuio likikuta sangara kwenye barafu au magunia ya dagaa Mwaloni Kirumba, usiuze kimyakimya na usiache yaoze. Omba mzigo uuzwe kwa usimamizi na fedha ziwekwe mahakamani hadi kesi iishe. Ombi hilo linajulikana, na sababu yake inaeleweka hata kwa asiyejua uvuvi.

Zuio lililotolewa kwa kusikiliza upande mmoja linaweza kuombewa kutenguliwa, kubadilishwa au kulegezwa katika mahakama ileile iliyolitoa. Hiyo ndiyo njia, na ni ya haraka kuliko rufaa. Wengi hukimbilia rufaa dhidi ya zuio la muda na kupoteza miezi, ilhali kifungu cha 74 hakiruhusu rufaa dhidi ya amri ndogo zisizomaliza shauri.

Hapa kuna sentensi iliyowaponza watu wengi kuliko zote: tumeshakata rufaa. Rufaa haisimamishi utekelezaji. Wala taarifa ya nia ya kukata rufaa haisimamishi. Kinachosimamisha ni amri ya kusimamisha utekelezaji, na hiyo inaombwa. Kwa Mahakama ya Rufani, kanuni ya 11 ya Kanuni za 2009 inampa mwombaji siku 14 tangu apewe taarifa ya kukaziwa hukumu (kwamba hukumu inakwenda kutekelezwa dhidi yake) au tangu alipoijua kwa njia nyingine, na maombi yaambatane na taarifa ya rufaa, hukumu, tuzo (hati inayotaja kile mshindi alichopewa na hukumu), na ile taarifa ya kukaziwa hukumu. Aoneshe hasara kubwa atakayopata, na awe tayari kuweka dhamana ya utekelezaji. Kinachoanguka mara nyingi ni dhamana: mwombaji anaandika kurasa kumi za hasara yake na hasemi neno moja kuhusu dhamana. Andika aya mahususi kwamba uko tayari kuweka dhamana ya benki au hati ya nyumba, ukitaja ipi.

Jambo linalowachanganya washindi ni fedha. Umeshinda milioni 18, mwenzako halipi, unataka afungwe kwa dharau. Kwa kawaida kutolipa deni la hukumu si dharau ya mahakama, ni jambo la kukazia hukumu, na njia zake zimeorodheshwa kifungu cha 42: kukabidhiwa mali, kukamata na kuuza mali, kumweka mdaiwa gerezani kama mfungwa wa madai, kuteua msimamizi wa mali, na nyinginezo kulingana na aina ya tuzo. Una miaka 12 ya kukazia tuzo, lakini ukikaa zaidi ya mwaka 1 mdaiwa lazima aitwe kwanza aeleze kwa nini asikaziwe.

Si kila kitu kinakamatwa. Kifungu cha 48 kinalinda nguo, vyombo vya kupikia, vitanda na matandiko ya familia, zana za fundi, jembe na mbegu za mkulima, na nyumba ambayo mdaiwa anaishi na mke na watoto wake. Dalali wa mahakama anayebeba godoro la watoto amekosea, na mdaiwa ana haki ya kulalamika palepale. Ukiomba akamatiwe ng'ombe, kumbuka ng'ombe wanakula kila siku. Panga mapema nani atawachunga na kwa malipo gani hadi siku ya mnada, la sivyo gharama za uangalizi zitameza nusu ya tuzo. Na ukichagua gereza la madai, posho ya kujikimu ya mfungwa huyo unailipa wewe mshinda tuzo. Usipoilipa anaachiwa, na deni linabaki palepale. Nimewashauri wengi waache njia hiyo kama mdaiwa kweli hana kitu, kwa sababu unalipa umweke ndani mtu ambaye akiwa nje angeweza angalau kuvua au kulima akakulipa kidogokidogo.

Rudi kwenye zuio lililovunjwa. Maombi ya dharau ya madai yanapelekwa mahakama ileile iliyotoa amri, yakiwa na kiapo. Polisi si pa kuanzia, ingawa kuripoti uvunjaji na kupata kumbukumbu ya taarifa kunasaidia ushahidi. Kanuni ya 2 ya Amri ya 37 inaipa mahakama nguvu mbili: kukamata mali ya mkaidi, na kumweka gerezani kama mfungwa wa madai kwa muda usiozidi miezi 6. Kwa kuwa uhuru wa mtu uko mezani, mizani ya ushahidi ni nzito kuliko ile ya kesi ya kawaida ya madai. Mahakama ya Rufani ya Kenya, katika shauri la Mutitika mwaka 1985, ilisema uthibitisho uwe wa juu kuliko mizani ya uwezekano, unaokaribia ule wa jinai. Mantiki hiyo utaikuta na huku.

Kwa hiyo kiapo kisiwe cha hasira. Aya ya kwanza: amri ilitolewa tarehe fulani, nakala hii hapa. Ya pili: mjibu maombi aliijua kwa njia hii, ushahidi huu hapa. Ya tatu: amri inasema hivi, nukuu neno kwa neno. Kisha kilichofanyika baada ya hapo, siku kwa siku, na nani alikiona. Picha za kabla na za baada ziwekwe pamoja, zikiwa zimepigwa mahali palepale. Mpiga picha aape kiapo chake mwenyewe na aeleze simu gani ilitumika na picha zilitunzwaje, maana ushahidi wa kielektroniki unapimwa kwa uhalisi wake. Kiapo cha mleta maombi anayeishi Dar es Salaam kwamba Jumamosi ujenzi uliendelea Buhongwa, bila kusema nani alimwambia, kitapingwa na kitaanguka. Jirani aliyeona ndiye aape.

Mjibu maombi naye ana haki ya kusikilizwa, na kuna utetezi wa kweli: sikuijua amri, haikunitaja, haikueleweka, ilishakwisha muda, niliitii kadiri ilivyowezekana na hapa ndipo nilipokwama. Kushindwa kwa nia njema si sawa na ukaidi. Lakini aliyekwama anatarajiwa awe amerudi mahakamani kuomba muda chini ya kifungu cha 93 kabla siku haijapita.

Upande wa jinai, kifungu cha 124 cha Kanuni ya Adhabu kinamgusa anayekaidi amri halali ya mahakama, na adhabu yake ni kifungo cha hadi miaka 2. Kifungu cha 114 kina orodha ndefu zaidi, na ndani yake mna kosa ambalo kanda hii linatokea kila msimu wa mvua: mtu aliyeondolewa shambani kwa hati ya mahakama anarudi. Dalali amemkabidhi mshindi majaruba ya mpunga Magu au Misungwi, gari limeondoka, na juma linalofuata yule aliyeshindwa amelima na kupanda. Mshindi anafungua kesi mpya, miaka mitano mingine inapotea. Hakukuwa na haja. Kujirudishia ardhi iliyokabidhiwa mtu hivi karibuni kwa amri ya mahakama ni dharau yenye jina lake ndani ya kifungu cha 114, adhabu yake hadi miezi 6. Kinachohitajika ni hati ya makabidhiano iliyosainiwa siku ile, yenye mipaka, tarehe, jina la dalali na mashahidi wa kijiji. Hati hiyo ndiyo inayosahaulika. Dalali anarudisha faili likiwa na neno moja, imetekelezwa, bila maelezo. Simama naye shambani usitoke hadi hati iandikwe.

Kifungu hichohicho kinahusu vurugu mbele ya hakimu, kukataa kuapa au kujibu, kumtisha shahidi, na kuandika au kusema juu ya shauri linaloendelea kwa namna ya kulipotosha au kumwumiza mhusika. Makundi ya simu ya ukoo yamejaa maandishi ya namna hii siku ya hukumu ya mirathi, na mtu mmoja tu akihifadhi picha ya ujumbe, inatosha. Kwa kosa lililotendwa machoni pa mahakama, hakimu anaweza kushughulika nalo siku hiyohiyo kabla hajainuka. Anayepatwa na hilo asibishane. Anyamaze, aombe nafasi ya kueleza, aombe radhi kwa maneno machache.

Ikiwa mwenye tingatinga ni halmashauri au wizara, ramani inabadilika. Serikali inapewa notisi ya siku 90 kabla ya kushitakiwa, zuio la kawaida halitolewi dhidi yake bali mahakama hutamka haki za pande mbili, na mali za Serikali hazikamatwi katika kukazia hukumu. Kwa zile siku 90 ambazo kesi haijaweza kufunguliwa, mawakili huomba Mahakama Kuu zuio la Mareva, yaani zuio la kusubiri kesi ifunguliwe. Ni maombi yanayohitaji ushahidi wa hatari ya karibu, kwa mfano alama ya kubomolewa iliyochorwa ukutani na notisi yenye tarehe. Hofu peke yake haitoshi.

Mwisho kabisa, aliyekwisha kutiwa hatiani, au anayejua kuwa atatiwa. Kinachopunguza adhabu ni kitendo kilichofanyika kabla ya siku ya kusikilizwa. Ukuta uliojengwa Jumamosi uvunjwe na aliyeujenga, kwa gharama yake, hadi kozi zilizoandikwa kwenye kumbukumbu, si chini ya hapo, maana kuvunja zaidi nako ni kubadilisha hali. Wapigiwe simu mwenyekiti wa mtaa na wakili wa upande wa pili waje washuhudie. Picha zipigwe kutoka pale palipopigwa za mwanzo, jabali likiwa nyuma. Kiapo kieleze lini ulivunjwa, nani aliuvunja, na tofali zimewekwa wapi, kisha kiingizwe mahakamani na nakala ipelekwe upande wa pili angalau siku moja kabla, ili asubuhi ile hakimu akifungua faili akikute humo.